Mzigo wa Mpagazi wa Kigwa katika Mizani ya Fizikia

Misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Unyanyembe, nchi ulimo mji wa Tabora, katika karne ya 19 ilipita Kigwa kabla ya kuwasili Tabora, na mvumbuzi Stanley naye alipita hapo mwaka 1871. Lakini walioijua njia hiyo kwa nyayo zao ni wapagazi wa Kinyamwezi, ambao aghalabu kila mmoja alijitwika frasila mbili, yaani karibu kilo 32, za nguo, shanga au nyaya za shaba, na wakati wa kurejea pwani akachukua pembe za ndovu.

Tukiipima kazi yao kwa kanuni aliyoieleza Mfaransa Coriolis mwaka 1829, ya kuwa jumla ya kazi inayotendewa kitu ni sawa na badiliko la nishati mwendo yake, twapata jawabu la kustaajabisha. Mpagazi aendaye kilomita 4 kwa saa aliupa mzigo wake jouli 20 hivi tu pale alipoondoka kambini alfajiri. Na maadamu mwendo haukuzidi wala kupungua, kanuni haimwandikii zaidi. Hata kuupandisha kutoka usawa wa bahari hadi mita 1,200 za Tabora, kwa tofauti ya kimo pekee, ni nishati iliyomo katika konzi moja ya unga wa mtama.

Basi posho ya kila siku iliishia wapi? Kila kisigino kilipogusa ardhi mwendo ulipungua kidogo, na misuli ikalazimika kuurudisha; mwili na mzigo vilipanda na kushuka kwa kila hatua; na shingo na mabega, hata msafara uliposimama mizigo ikiwa bado begani, vilikaza misuli iliyokula chakula pasipo kusogeza kitu, nishati yote ikatoka kwa joto na jasho. Kanuni haina kosa, ila yahesabu jumla ya mwisho tu, na kwa insafu mtu asiitumie kuupima ujira wa mchukuzi.

Reli ilifika Tabora mwaka 1912. Kila kilo ya shehena katika gari moshi liendalo kilomita 40 kwa saa ilikuwa na nishati mwendo mara 100 ya kilo iliyokuwa begani, kwa kuwa mwendo ukizidi mara 10 nishati huzidi mara 100, na yote hiyo ilibidi iteketee katika breki kila kituo. Hata hivyo, Vita vya Kwanza vya Dunia vilipofika, na majeshi ya Wabelgiji yakautwaa mji Septemba 1916, wapagazi walichukuliwa tena kwa maelfu kubeba risasi na chakula mahali ambapo reli haikufika.