Transista geuzi

Mwambie fundi wa sola wa Cyanzarwe, kule Rubavu jirani na Goma, kwamba kuna transista inayogeuza ncha zake ikiwa kazini, naye atakutazama kwa mashaka. Kwake yeye kugeuza ncha ni kuunga waya wa chanya penye hasi, na kifaa kikaungua. Ana haki. Neno "ncha" halifai hapa, kwa kuwa kinachogeuka ni kile kinachobeba umeme ndani, na waya zinabaki zilipo.

Transista ya kawaida ni silikoni iliyotiwa chembe chache za elementi nyingine. Ikitiwa fosforasi, umeme hubebwa na elektroni, zenye chaji hasi: hiyo ni aina ya N. Ikitiwa boroni, hubebwa na matundu, yaani nafasi zilizoachwa na elektroni, ambazo huenda kama chaji chanya: aina ya P. Aina huamuliwa kiwandani, basi.

Mwaka 2012 watafiti wa maabara ya NaMLab na Chuo Kikuu cha Teknolojia cha Dresden, Ujerumani, wakiwemo André Heinzig na Walter Weber, walionyesha transista ya uzi mwembamba wa silikoni isiyotiwa kitu. Kila upande uzi huo unakutana na metali, na penye makutano pana kizuizi cha umeme, kiitwacho cha Schottky, chenye geti lake, yaani kituo cha volti kinachokidhibiti. Geti la kwanza huchagua: likipewa volti chanya, elektroni hupita na matundu hukwama, likipewa hasi, mambo hugeuka. Geti la pili huwasha na kuzima kama ilivyo siku zote. Hivyo sakiti ya mantiki ya aina ya NAND inaweza kuamriwa iwe ya aina nyingine, NOR, kwa transista zilezile. Hata mwizi wa michoro ya chipu hupata taabu, kwani kwa macho N na P hazitofautiani.

Kuiita ambipola hakutoshi: ambipola hupitisha elektroni na matundu hata pasipo geti la kuchagua. Kuiita kigeugeu nako hakufai: kigeugeu hubadilika apendavyo mwenyewe, ilhali transista hii hutii amri. Napendekeza transista geuzi, na polariti yake, yaani kama hubeba elektroni au matundu, tuiite aina ya chaji. Rwanda ilikifanya Kiswahili lugha rasmi mwaka 2017. Basi walimu wa Rubavu watakaofundisha elektroniki kwa lugha hii wajaribu neno hilo darasani, na ncha waiachie betri.