Filamu ya Ushuhudiaji

Ipo aina ya filamu ya hali halisi isiyo na msimulizi wala mahojiano, na isiyomtaka mtu arudie alichofanya ili kipigwe picha vizuri. Mtengenezaji hukaa na watu, hunasa yanayotokea, kisha mpangilio wa picha na sauti ndio unaobeba maelezo yote. Njia hii ilishika kasi Marekani mwaka 1960, Robert Drew na wenzake walipotengeneza *Primary* kwa kamera za kubebeka zilizokwenda sambamba na kinasa sauti.

Mtu anaweza kuiita aina hii filamu ya uangalizi, lakini neno hilo tumelizoea kwa mgonjwa aliye chini ya daktari. Uchunguzi nao una harufu ya polisi. Nachagua neno ushuhudiaji, ambalo watafiti wetu wa isimu na fasihi wanalitumia tayari kwa mbinu ya kukusanya data kwa kuwapo na kuona.

Kuwapo huko ndiko kugumu, hasa kwenye migodi ya makaa ya mawe. *Coal Face* ya Alberto Cavalcanti, iliyotengenezwa Uingereza mwaka 1935, ina msimulizi, muziki wa Benjamin Britten na beti za W. H. Auden. Ni kazi nzuri sana, ila mchimbaji anasemewa. Miaka 70 baadaye, Michael Glawogger wa Austria alianza *Workingman's Death* kwa wachimbaji wasio rasmi wa Donbas, Ukraine. Tabaka la makaa ni jembamba, hata kuketi haiwezekani. Wanatambaa, wanalala ubavu, wanagonga mwamba hivyo hivyo. Mpiga picha, Wolfgang Thaler, hakuwa na pa kusimama. Muziki wa John Zorn unaitoa filamu hiyo kwenye ushuhudiaji kamili, lakini mle shimoni ni pumzi na chuma tu ninavyovikumbuka.

Halafu kuna mwanga. Gesi ya methani itokayo kwenye makaa ikiwa kati ya asilimia 5 na 15 ya hewa hulipuka kwa cheche moja, kwa hiyo taa za filamu hazishushwi ovyo mgodini. Mara nyingi kinachomulika ni taa ya kofia ya mchimbaji. Akiitazama nguzo inayoshikilia dari, nasi tunaiona. Akigeuka, inamezwa na giza. Mfanyakazi ndiye anayeamua tuone nini, na mtengenezaji akiwasha taa yake tu, tukio limeshakuwa jingine.

Mtengenezaji huyo napendekeza aitwe mshuhudiaji, si shahidi, kwa kuwa shahidi huitwa baadaye aje kueleza.