Fidia ya Damu na Haki ya Mjane

Katika matanga ya mtu aliyeuawa na gari, husikika mara nyingi neno hili: ni mapenzi ya Mungu, tusianze habari za pesa. Wasemao hivyo wanakusudia kufariji. Lakini wiki chache baadaye wageni wamekwenda zao, na mjane amebaki na karo, kodi ya nyumba na watoto wanaouliza watakula nini. Je, akidai fidia amepungukiwa na imani? Tutazame jinsi haki hii ilivyotufikia.

Kitabu cha Kutoka, sura ya 21, kinaeleza habari ya ng'ombe aliyempiga mtu pembe hata akafa. Ng'ombe huyo hupigwa mawe. Kama hakuwa na desturi ya kupiga pembe, mwenyewe hana hatia. Lakini kama alijulikana kuwa mkali, na mwenyewe ameonywa asimfunge, damu ni juu yake, isipokuwa akitozwa malipo ya kuikomboa nafsi yake. Kwa mwuaji wa makusudi, Torati ilikataa malipo kabisa (Hesabu 35:31). Basi fidia haikuwa bei ya mtu. Ilimwajibisha aliyeijua hatari akaiacha itembee. Mwenye gari anayejua kwamba breki zake ni mbovu, na bado akalitoa barabarani, yuko katika hali ya mwenye ng'ombe huyo.

Uingereza, nchi iliyojiita ya Kikristo, ilikuwa na desturi yake. Kwa karne nyingi, farasi, gari la kukokotwa au gurudumu lililomwua mtu liliitwa deodand, maana yake kitu cha kupewa Mungu. Baraza la kuchunguza kifo lilikadiria thamani yake, na fedha zikaenda kwa mfalme au kwa bwana aliyepewa haki hiyo. Ilisemwa kwamba zitumike kwa mambo ya dini, lakini mjane hakuwa na haki ya kuzidai. Jina la Mungu liliandikwa juu ya fedha, na nyumba ya marehemu ikalala njaa.

Mahakama nazo hazikumsaidia. Mwaka 1808 ilisikilizwa kesi ya Baker na Bolton. Gari la abiria la kukokotwa na farasi lilikuwa limepinduka. Bwana Baker aliumia, na mkewe, aliyemsaidia katika biashara yake ya kilabu cha pombe, alifariki mwezi mmoja hivi baadaye. Jaji Ellenborough alisema kwamba katika mahakama ya madai kifo cha mtu hakiwezi kulalamikiwa kuwa hasara. Mume alipewa pauni 100 kwa maumivu yake na kwa kumkosa mkewe hadi siku ile alipokufa, na si zaidi. Kwa hiyo ilikuwa nafuu kwa mwenye gari kumwua abiria kuliko kumvunja mguu.

Reli ndiyo iliyoifichua aibu hiyo. Tarehe 24 Desemba 1841, mkesha wa Krismasi, treni iligonga udongo ulioporomoka karibu na kijiji cha Sonning. Wafanyakazi waliokuwa wamepanda mabehewa ya wazi, wakirudi kwao kwa sikukuu, walikufa. Ajali za namna hiyo zilipozidi, Bunge lilichukua hatua. Agosti 1846 lilifuta deodand, na mwezi huohuo likapitisha sheria iliyoletwa na Lord Campbell: mke, mume, mzazi na mtoto wa marehemu walipwe na yule aliyesababisha kifo kwa kosa au uzembe wake. Mwaka 1852, katika kesi ya mjane aliyeitwa Blake dhidi ya kampuni ya reli, mahakama iliamua kwamba malipo hayo ni ya riziki iliyopotea, si ya majonzi.

Sheria hiyo ilifika kwetu wakati wa ukoloni, na mizizi yake ingali hai katika sheria za Kenya na Tanzania kuhusu vifo vya ajali. Ikaongezwa bima ya lazima kwa ajili ya watu wengine, ili mjane asiambulie patupu kwa kuwa dereva ni maskini.

Wapendwa, katika Luka 18 Bwana Yesu anasimulia habari ya mjane aliyemsumbua kadhi siku baada ya siku, akidai haki yake. Hakumkemea kwa kupenda mali. Alimfanya kielelezo cha kuomba bila kukata tamaa. Basi tusimnyamazishe mjane wetu kwa maneno ya kiroho. Tumsaidie kupata taarifa ya polisi, cheti cha kifo na hati ya usimamizi wa mirathi, kwa maana madai yana muda, na muda ukipita mlango hufungwa. Tumlinde pia dhidi ya shemeji au wakala anayemharakisha kutia sahihi karatasi asiyoielewa.

Tangu 1852 mahakama zilijua kwamba kazi yao ni kuhesabu mkate. Machozi waliyaachia wengine, na hao wengine ni sisi. Lakini kanisa linalofuta machozi na kuuacha mkate upotee limerudi kwenye deodand: Mungu anatajwa, na watoto wanalala njaa.