Majina ya Wahindi na Ubatizo: Habari za Wakristo wa Kitamil

Tarehe 28 Desemba 1733, katika mji wa Tranquebar kwenye pwani ya kusini-mashariki ya India, Walutheri walimwekea mikono Mtamil wa kwanza kuwa mchungaji. Aliitwa Aaron, yaani Haruni. Wazazi wake walikuwa wamemwita Arumugam, na kwa Kitamil jina hilo lina maana ya "mwenye nyuso sita". Ni sifa ya mungu Murugan, mwana wa Shiva, ambaye kwa masimulizi ya Wahindu alikuwa na walezi sita, akaota nyuso sita ili kila mmoja apate kumnyonyesha. Arumugam alipobatizwa mwaka 1718, jina hilo liliachwa.

Twaelewa kwa nini wamisionari walitaka liachwe. Lakini tuangalie kilichobadilishwa. Kijana aliachana na jina ambalo kila mtoto wa kijiji chake alilifahamu, akapokea jina ambalo hata wataalamu wa Kiebrania hawajakubaliana juu ya maana yake. Mshirika aliyemsikia akiitwa Aaron hakusikia neno. Alisikia sauti tu ya kigeni.

Katika India jina halikuwa sauti tu. Sheria za Manu, kitabu cha Kisanskrit kilichotungwa yapata miaka elfu mbili iliyopita, zaagiza katika sura ya pili kwamba mtoto apewe jina siku ya kumi au ya kumi na mbili baada ya kuzaliwa. Kisha zaeleza jina liwe la namna gani. La Brahmani, yaani mtu wa ukuhani, litaje baraka. La shujaa wa vita litaje nguvu. La mfanyabiashara litaje mali. Na la Shudra, aliyewekwa kuwa mtumishi wa hao watatu, litaje jambo la kudharauliwa. Majina ya kike yawe mepesi kutamkwa, yapendeze, na kuishia kwa sauti ndefu, kama Sita, ambalo maana yake ni mfuo wa jembe, kwa kuwa mfalme Janaka alimwona mtoto huyo alipokuwa akilima. Basi, kwa agizo hilo, mtoto wa Shudra alitangaziwa unyonge wake kabla hajajua kutembea.

Hatuna budi kuongeza kwamba si kila jina duni lilitoka kwa Manu. Watamil waliofiwa na watoto waliweza kumwita aliyefuata Kuppan, yaani "takataka", au Pichai, "sadaka ya ombaomba", ili mauti yasimtamani. Msomaji aliyewahi kubatiza Mashaka au Shida hatashangaa sana.

Njia ya pili katika ubatizo ilikuwa kuitafsiri imani katika lugha ya watu, nayo twaiona kuwa bora. Mtamil aliyebarikiwa uchungaji mwaka 1790, mwanafunzi wa mmisionari Schwartz, aliitwa Sathyanathan, "Bwana wa kweli". *Nathan* hapa si nabii Nathani, bali ni neno la Kisanskrit lenye maana ya bwana. Mshairi Vedanayagam Sastri (1774–1864), ambaye pia alilelewa na Schwartz, alibeba jina lenye maana ya "Bwana wa Maandiko". Neno *veda*, linalotaja vitabu vitakatifu vya Wahindu, Wakristo walikuwa wamelichukua kwa ajili ya Biblia.

Hata hivyo jina zuri halikumaliza kazi. Watamil wengi hawakuwa na jina la ukoo kama la Wazungu. Baada ya jina la mtu lilifuata mara nyingi jina la tabaka: Pillai, Mudaliar, Nadar. Ubatizo uligusa jina la kwanza, ukaacha mkia. Mwaka 1829 huyo huyo Vedanayagam aliandika kuwapinga wamisionari wapya waliotaka Wakristo wa matabaka yote wakae pamoja kanisani na kushiriki kikombe kimoja. Nayo Misioni ya Leipzig, iliyourithi utume wa Tranquebar katika miaka ya 1840, haikuwa na haraka. Mkurugenzi wake Karl Graul, aliyezuru India kati ya 1849 na 1853, aliihesabu tabaka kuwa desturi ya kijamii ambayo Injili ingeimaliza polepole. Ndiyo misioni iliyofika Kilimanjaro mwaka 1893, kwa hiyo habari hii si ya mbali nasi.

Kwa maoni yetu, wamisionari walikuwa wakali mahali palipokuwa na hatari ndogo. Nyuso sita za Murugan hazikumfukuza mtu mezani pa Bwana. Pillai, neno ambalo kwa asili ni "mtoto" tu, liliweza kumfukuza.

Mwezi Februari 1929, katika mkutano wa Chengalpattu, wafuasi wa E. V. Ramasamy, mtu asiyeamini mungu yeyote, waliazimia kuyatupa majina ya tabaka. Kanisa lilikawia. Mwaka 1745 ofisa mmoja wa Travancore, Nilakandan Pillai, "mwenye koo la buluu", sifa ya Shiva aliyekunywa sumu, alibatizwa na Wajesuiti kwa jina la Lazaro, kwa Kitamil Devasahayam, "Mungu ni msaada". Aliuawa tarehe 14 Januari 1752. Kwa muda mrefu vitabu vilimwita Devasahayam Pillai. Kanisa Katoliki lilipomtangaza mtakatifu tarehe 15 Mei 2022, lilimtaja kuwa Lazaro aitwaye Devasahayam, na neno Pillai halikusomwa.