Uji wa Andrée

Mwaka 1895, jijini Lyon, Ufaransa, Louis Lumière alisimamisha kamera mbele ya meza iliyoandaliwa nje, bustanini. Hakukuwa na mwigizaji. Waliokaa mezani ni kaka yake Auguste, shemeji yake Marguerite, na kati yao binti yao mdogo, Andrée, ambaye hata miaka miwili alikuwa hajatimiza.

Filamu yenyewe haifiki dakika moja. Baba anachota uji na kumlisha mtoto, kijiko baada ya kijiko. Mama anamimina kahawa, anaikoroga, anakunywa. Upepo unapeperusha kola ya mtoto. Kisha Andrée anapewa biskuti. Haili mara moja: anainyoosha mbele, kumkaribisha mtu aliye kando ya kamera, ambaye sisi hatumwoni. Hakuna mwandishi aliyemtungia kitendo kile, na ndicho kinachoifanya filamu iwe hai mpaka leo.

Ufupi huo ulitokana na mtambo. Sinematografu ya akina Lumière, iliyopewa hataza Februari 1895, ilipiga picha, ikachapa nakala na kuzionyesha, yote kwa chombo kimoja cha kuzungushwa kwa mkono. Mkanda ulikuwa na urefu wa mita 17 hivi. Ukiisha, hadithi imeisha.

Tarehe 28 Desemba mwaka huohuo, watu 33 walilipa faranga moja moja na kuteremka kwenye chumba cha chini cha Grand Café, Paris, kutazama filamu 10. Wengi hudhani filamu yao maarufu ya treni ikiingia stesheni ya La Ciotat ilionyeshwa usiku ule. Haikuwamo. Mlo wa Andrée ulikuwamo. Inasimuliwa kwamba baadhi ya watazamaji walishangazwa zaidi na majani yaliyotikisika nyuma ya meza, na si ajabu: kwenye jukwaa la tamthilia walizoea miti ya kuchorwa, isiyojua upepo.

Kwa hiyo wanaosema kwamba maisha ya nyumbani ni mada ndogo kwa sinema wanakosea tangu usiku wa kwanza. Mwaka 1975 Chantal Akerman, mzaliwa wa Brussels, alitoa *Jeanne Dielman*, filamu ya zaidi ya saa tatu ambamo mama mjane anamenya viazi, anatandika kitanda na kuosha vyombo. Mwaka 2022, katika kura ya wahakiki iliyoendeshwa na jarida la *Sight and Sound*, iliibuka ya kwanza kati ya filamu zote duniani.