Slothi Wakubwa wa Amerika na Ushahidi wa Kuba

Mwaka 1788 masanduku ya mifupa yaliwasili Madrid kutoka Buenos Aires. Yaliyokuwamo yalichimbuliwa kwenye kingo za mto Luján chini ya usimamizi wa padri wa Kidominiko, Manuel de Torres, na hayakulingana na mnyama yeyote aliyejulikana wakati huo. Mfalme Carlos III alivutiwa mno hata ikatumwa amri ng'ambo ya bahari: atafutwe mnyama wa aina hiyo aliye hai, hata kama ni mdogo, na ikishindikana kumleta hai basi ngozi yake ijazwe majani na isafirishwe. Huko Argentina hapakuwa na wa kukamatwa. Mnyama yule alikuwa ametoweka zaidi ya miaka 10,000 kabla ya mfalme kuzaliwa.

Fundi wa makumbusho ya mfalme, Juan Bautista Bru, aliiunganisha mifupa na kuisimamisha, na hadi leo imo Madrid. Michoro yake ilimfikia mwanaanatomia Georges Cuvier jijini Paris. Mwaka 1796, bila kuigusa mifupa yenyewe, kijana huyo aliichunguza michoro ya meno, kucha na fuvu, akatoa hukumu ambayo haijapinduliwa: huyu ni ndugu wa slothi, wale wanyama wadogo wa Amerika ya Kati na Kusini wanaoning'inia mitini kichwa chini na kusogea polepole. Akampa jina Megatherium americanum. Slothi wa leo ana uzito wa kilo chache tu. Huyu wa Luján alifikia tani 4, na urefu wake kutoka puani hadi mkiani ulikuwa mita 6 hivi.

Wakati ule wasomi wengi hawakuamini kwamba aina nzima ya viumbe inaweza kufutika duniani. Thomas Jefferson alikuwa miongoni mwao. Mwaka 1797 alisoma mbele ya wanazuoni wa Philadelphia maelezo ya kucha kubwa zilizotoka katika pango la Virginia, akidhani ni za simba mkubwa ajabu ambaye huenda bado anazunguka nyika za magharibi. Miaka miwili baadaye daktari Caspar Wistar alionyesha kwamba kucha hizo nazo zilikuwa za slothi. Mnyama huyo sasa anaitwa Megalonyx jeffersonii, na mabaki ya jamaa yake yamepatikana hadi Alaska.

Ukoo huu ulianzia Amerika ya Kusini, bara lililokaa mamilioni ya miaka likiwa limezungukwa na bahari pande zote. Ndugu zake ni armadilo na wala-chungu wa huko huko. Kwa zaidi ya miaka milioni 30 slothi walijaribu karibu kila namna ya kuishi: walikuwapo waliopanda miti, waliotembea nyikani, na waliochimba. Mwaka 2025 timu iliyoongozwa na Alberto Boscaini wa Argentina ilichapisha uchambuzi wa historia hiyo nzima katika jarida la Science. Walionyesha kwamba ukubwa wa mwili ulifuata mazingira. Hali ya hewa ilipokuwa ya joto na misitu ikatanda, wadogo walishamiri. Baridi ilipozidi na nyika kupanuka, miili ilikua, maana mwili mkubwa hutunza joto na huweza kusafiri mbali kutafuta malisho.

Ajabu kuliko wote, kwa maoni yangu, ni Thalassocnus wa pwani ya Peru. Yeye aliingia baharini. Pwani ile ni jangwa, kwa hiyo malisho ya uhakika yalikuwa nyasi za chini ya maji. Katika mashapo ya Pisco aina zake zimepangana kwa zamu, ya zamani chini na ya baadaye juu, na ukizilinganisha unaona mifupa ikizidi kuwa mizito na kujaa ndani kadiri muda unavyokwenda. Mifupa mizito ilimsaidia kuzama na kutulia chini akila. Ni nadra kwa visukuku kutuonyesha mageuzi hatua kwa hatua namna hii.

Wengine walielekea kaskazini. Kundi la kwanza lilivuka yapata miaka milioni 9 iliyopita, kabla nchi kavu ya Panama haijaunganisha mabara mawili, na wengi zaidi walifuata daraja hilo lilipokamilika. Katika Enzi ya Barafu slothi walienea kutoka Alaska hadi ncha ya Patagonia.

Huko Patagonia, mwaka 1895, Hermann Eberhard alikuta ndani ya pango kubwa kusini mwa Chile kipande cha ngozi ya slothi. Kilikuwa kinene, kina manyoya mekundu-kahawia, na upande wa ndani kilijaa vijifupa vidogo vilivyobanana kama kokoto zilizosakafiwa. Ngozi ilikuwa imehifadhika vizuri kiasi kwamba mtaalamu Florentino Ameghino alitangaza kuwa mnyama bado yu hai, na mwaka 1900 gazeti la Daily Express la London likamtuma Hesketh Prichard kwenda kumsaka. Hakumwona. Vipimo vya kaboni vilivyofanywa baadaye vilithibitisha kwamba mabaki ya pango lile yana umri wa maelfu ya miaka. Baridi na ukavu ndivyo vilivyoyatunza.

Swali la nani au nini kiliwamaliza limegawanya wataalamu kwa miongo mingi. Enzi ya Barafu ilikuwa inakwisha, mimea ikibadilika, na wakati huo huo watu walikuwa wameshaingia Amerika. Mmarekani Paul Martin, aliyetumia miaka mingi kuchunguza kinyesi cha slothi katika mapango makavu ya Arizona, alishikilia kwamba wawindaji ndio waliosababisha. Alitoa hoja inayotuhusu sisi wa Afrika: tembo, kifaru na twiga wetu wamebaki kwa sababu waliishi na binadamu tangu alipoanza kushika jiwe, wakajifunza kumkwepa. Slothi hawakupata muda huo. (Sehemu kubwa ya kinyesi kile, hazina isiyo na mbadala, iliteketea katika moto uliozuka mwaka 1976 kwenye pango la Rampart. Inauma kulifikiria.)

Ushahidi wa kwamba watu waliwawinda upo. Campo Laborde, nchini Argentina, Megatherium alichinjwa kando ya kinamasi miaka ipatayo 12,600 iliyopita. White Sands, New Mexico, nyayo zimebaki kwenye ardhi tambarare ya ziwa lililokauka: mguu wa binadamu umekanyaga ndani ya unyayo wa slothi, hatua kwa hatua, mtu akimfuata mnyama. Mahali ambapo watu hawapo, slothi anakwenda moja kwa moja. Walipo, anageuka ghafla, na pengine anainuka kwa miguu ya nyuma na kupunga mikono yenye kucha.

Hata hivyo nyayo na mifupa ya waliochinjwa havithibitishi kwamba uwindaji ndio ulioangamiza ukoo. Kinachonishawishi mimi ni Kuba. Huko na katika visiwa jirani waliishi slothi wa ardhini pia, wadogo kuliko wale wa bara. Enzi ya Barafu ilipokwisha bahari ilipanda na kumeza sehemu ya visiwa vyao, hali ya hewa ikabadilika kama kwingineko, lakini wao hawakufa. Mwaka 2005 David Steadman na wenzake walionyesha kwamba slothi wa bara walitoweka miaka kama 11,000 iliyopita, ilhali wa visiwani walikuwapo hadi takriban miaka 4,400 iliyopita. Watu walifika visiwani humo miaka kama 6,000 hadi 5,000 iliyopita. Kama kosa lingekuwa la hali ya hewa peke yake, visiwa vingepata msiba wake siku moja na bara.

Waliosalia leo ni wa mitini tu, wa vidole viwili na wa vidole vitatu. Vinasaba na protini za mifupa ya kale, zilizochambuliwa mwaka 2019, zimebainisha kwamba makundi hayo mawili si ndugu wa karibu. Kila moja lilijifunza kuning'inia kivyake. Aina mojawapo, slothi mbilikimo, ilitambuliwa rasmi mwaka 2001, nayo inaishi katika kisiwa kimoja tu, Escudo de Veraguas cha Panama, chenye ukubwa wa kilomita za mraba zisizofika 5. Iko kwenye orodha ya viumbe walio katika hatari kubwa kabisa ya kutoweka, na mikoko ambayo aina hiyo inaitegemea inakatwa na watu wanaofika kisiwani.