Namna Mbili za Kuandika Besi: Historia ya Noti za Ala Nzito za Shaba

Kabla ya karne ya 19, tromboni ilikuwa karibu ala pekee ya shaba yenye sauti nzito iliyoweza kupiga noti zote, kwa kuwa mpigaji huivuta na kuirudisha neli yake katika hatua saba, kila hatua ikishusha sauti kwa nusu toni. Katika makanisa ya Ulaya ilipigwa sambamba na waimbaji, na kwa sababu hiyo noti zake ziliandikwa kama za waimbaji: tromboni ya alto kwa ufunguo wa alto, ya tena kwa ufunguo wa tena, ya besi kwa ufunguo wa besi, yaani alama inayowekwa mwanzoni mwa mistari mitano ili kuonyesha noti ipi inakaa kwenye mstari upi. Kilichoandikwa ndicho kilichosikika.

Sauti za chini zaidi zilitegemea serpenti, bomba la mbao lililopindwa na kuvalishwa ngozi, na baadaye ofikleidi, ala ya shaba yenye matundu na vifuniko, iliyopata hataza Paris mwaka 1821. Mtunzi Hector Berlioz alizitumia zote mbili katika Symphonie fantastique ya mwaka 1830. Kilichoziondoa ni vali, kifaa ambacho kikibonyezwa huipitisha pumzi katika kipande cha ziada cha bomba na hivyo kuishusha sauti. Wavumbuzi Stölzel na Blühmel walipewa hataza ya vali huko Prussia mwaka 1818, na tarehe 12 Septemba 1835 Wilhelm Wieprecht, kiongozi wa bendi za kijeshi, pamoja na fundi Johann Gottfried Moritz, walipata hataza ya tuba mjini Berlin. Katika miaka ya 1840 fundi Adolphe Sax alitengeneza Paris jamii nzima ya ala za vali zenye umbo linalofanana, kuanzia ndogo hadi kubwa kabisa, zikipishana kati ya ufunguo-sauti wa B fleti na E fleti.

Kufanana huko ndiko kulikozaa uandishi wa Waingereza. Wafanyakazi wa viwanda na migodi ya kaskazini mwa Uingereza, ambao bendi zao zilianza kushindana Belle Vue, Manchester, mwaka 1853, walijifunza muziki baada ya kazi, na bendi iliyopungukiwa na mpigaji wa besi ililazimika kumhamisha mtu kutoka ala nyingine. Basi karibu ala zote, hata tuba, ziliandikiwa ufunguo wa G, ule wa sauti za juu, ili noti iliyoandikwa ibonyezwe kwa vidole vilevile katika kila ala. C ya kati iliyo karatasini hupigwa bila kubonyeza vali yoyote: kwenye yufoniamu, tuba ndogo ya B fleti, husikika B fleti iliyo toni moja na oktava moja chini yake, kwenye besi ya E fleti husikika E fleti ya chini zaidi, na kwenye besi kubwa ya B fleti sauti hushuka oktava mbili na toni moja. Macho husoma noti moja, masikio husikia nyingine, na vidole havibadiliki. Tromboni ya besi peke yake ilibaki na ufunguo wa besi na sauti halisi. Uandishi huu hulaumiwa na wanamuziki wa okestra kuwa unaficha sauti, lakini lawama hiyo haiwatendei haki watu ambao uliwawezesha kupiga muziki mgumu bila kupitia chuo chochote.

Ujerumani njia ilikuwa kinyume kabisa. Vikundi vya tarumbeta vya parokia za Westphalia, mojawapo kikiwa kile cha Jöllenbeck kilichoanzishwa mwaka 1843, vilihitaji kupiga tenzi moja kwa moja kutoka kitabu cha kwaya chenye sauti nne. Mchungaji Johannes Kuhlo (1856–1941), aliyefanya kazi Bethel karibu na Bielefeld, alieneza kanuni kwamba kila ala isome sauti halisi, kama kinanda: mpigaji wa tuba ya B fleti akiacha vali zote wazi, karatasi yake huandikwa B fleti, katika ufunguo wa besi. Anayehama ala hulazimika kujifunza vidole vipya, lakini waimbaji, mpiga kinanda na wapiga tarumbeta hutumia ukurasa mmoja.

Mapokeo yote mawili yana warithi Afrika Mashariki. Jeshi la Wokovu, lenye bendi za mtindo wa Kiingereza, lilianza kazi Kenya mwaka 1921, ilhali misheni iliyokuja kujulikana kwa jina la Bethel ilikuwa imefungua kituo cha Mlalo, Usambara, mwaka 1891, na tarumbeta zingali zinasikika katika makanisa ya Kilutheri ya Tanzania. Karatasi za pande hizi mbili zikichanganywa katika bendi moja, ala za B fleti zinazosoma sauti halisi na zile zinazosoma kwa mtindo wa Kiingereza zitapishana kwa toni nzima, hata kama kila mpigaji amesoma bila kosa. Kwa hiyo kiongozi wa bendi, kabla ya kugawa noti, hana budi kuuliza kila mpigaji wa besi ya B fleti alifundishwa kuiita sauti ya ala yake iliyo wazi C au B fleti.